Msumari wa Hamahama

Hapo zamani, na ya lini msiniulize, maana kule ninakowapeleka zamani iliweza kuja kesho kutwa, palikuwa na mji uitwao Hamahama. Nyie mnaojisifia miji yenu yenye taa, nyamazeni kidogo. Mtu alilala nyumba yake ikitazama soko, akaamka inatazama mto. Embe ulilila leo, ukalichuma wiki ijayo. Kijana alimpa mzee shikamoo njiani, akaitikiwa marahaba kwa upole, kumbe mzee yule ni yeye mwenyewe wa baadaye. Na bahati kule ilikuwa kitu cha kutunzwa, kama unga: kila mtu alizaliwa na yake, akiimaliza imekwisha, hapewi nyingine.

Mji kama huo una adabu zake. Sisi tunapiga hodi tukitaka kuingia; wao walipiga hodi wakitaka kutoka. Mtu alisimama nyuma ya mlango wake akasema, "Hodi nje?" Jirani akasikia, akachungulia dirishani, akaona kweli nje pako salama, ndipo akajibu, "Karibu." Na aliyetoka alirudi kwa kufuata sauti ya watu wake wakimwita karibu, kwani nyumba haikukaa pale alipoiacha. Lakini lililoniacha hoi mimi ni hili: hata nyumba za Hamahama zilikuwa na heshima. Maadamu kuna mtu kizingitini anasema karibu, nyumba haisogei hata unyayo. Za kwenu zina adabu hiyo?

Basi alikuwapo Bi. Mosi, mjane, msuka mikeka, na binti yake mmoja tu, Kidawa, ambaye meno ya utoto yalikuwa hayajaanza kung'oka. Asubuhi moja alimtuma akaombe moto kwa jirani. Kidawa akapiga hodi. Jirani mwenyewe, Msellem, alikuwa ananyoa ndevu, kwani Ijumaa ile alikuwa anaoa. Hakuchungulia. Mdomo uliozoea ukajibu wenyewe, "Karibu, karibu." Mtoto akafungua mlango akatoka.

Nje palikuwa Mtaa wa Mbio.

Mtaa huo watu hawakuutaja mbele ya watoto. Mle ndani miaka ilianguka kama vumbi la dari, ikimshukia kila apitaye, na vichochoro viligawanyika, vikagawanyika tena. Hakuna aliyewahi kuingia akarudi. Bi. Mosi alipouona mgongo wa mwanawe unapotelea kichochoroni, hakupiga ukelele. Alisimama kizingitini akaanza kusema karibu, karibu, karibu, ili nyumba isihame ikamwacha mtoto huko.

Msellem akaja na povu la sabuni shavuni. Hakujitetea. Alipita kando ya Bi. Mosi, akaingia mtaani.

Naye angepotea kama si Pandu. Huyu Pandu alikuwa mcheza kauri, mtu wa bahati mpaka majirani wakamchoka. Hata mvua ilimsubiri afike kwake ndipo inyeshe. Akaketi mlangoni pa Bi. Mosi akatupa kauri. Zikasema kulia, akapaza sauti amwelekeze Msellem kulia. Akatupa tena, zikasema kushoto. Kila alipopatia, bahati yake ilipungua, na alijua. Mkewe, mjamzito, alisimama nyuma yake akimvuta kanzu aache. Hakuacha. Kwenye kichochoro cha mwisho akaikwangua bahati iliyobaki, akatupa, akapatia.

Msellem akamkuta Kidawa ameketi chini anachora mchangani. Akamfunika shuka lake, akamkumbatia, miaka yote ikamwangukia yeye. Alianza kukimbia akiwa kijana, akatembea akiwa mtu mzima, akatoka anajikongoja, ndevu nyeupe zimemfika kifuani. Kidawa alipofunuliwa, gauni lilikuwa limemfupika kidogo na jino moja la mbele limeng'oka. Basi.

Bi. Mosi akafungua kinywa amwite mwanawe. Sauti haikutoka. Alikuwa ameimaliza yote kwa ile karibu, na haikurudi tena. Pandu akainuka ampongeze Msellem, akajikwaa, akaangukia kauri zake, zikavunjika zote. Watu walitaka kucheka, wakaona haya.

Sasa, mji ule ulikuwa na msumari mmoja, ukitunzwa na mhunzi, mwanamke aitwaye Bi. Ruzuna. Nyumba iliyopigiliwa msumari huo kizingitini haihami tena, na siku zake zinafuatana kama siku zetu hizi. Uliahidiwa atakayemtoa mtu Mtaa wa Mbio. Mababu walikufa, msumari ungali unangoja. Lakini unapashwa moto kwanza, na ukipoa haushiki tena milele. Bi. Ruzuna akautia motoni, watu wakakusanyika, akauliza aupige wapi.

Pandu alisema wa kwanza. "Nyumba ya mtu asiye na bahati kesho itaamkia mdomoni mwa mamba. Mimi nilijitakia. Lakini aliye tumboni mwa mke wangu hakutupa kauri."

Bi. Mosi akaonyesha kwa mikono, Kidawa akamsemea. "Mama anasema sauti yake ndiyo ilikuwa njia yangu ya nyumbani. Nikitoka kucheza, nitarudi kwa kumfuata nani? Au anifungie ndani mpaka nizeeke?"

Watu wakamgeukia Msellem, wakitarajia mwenye kosa aseme hataki kitu. Hata mimi ningetarajia hivyo. Msellem akasema anautaka.

"Kosa ni langu, silikatai. Ila nililifuata kwa miguu yangu nikamtoa mtoto. Siku zangu zilizobaki ni chache, na hapa siku moja inaweza kumeza mwezi mzima. Nataka zije moja moja."

Bi. Mosi akageuza uso. Mtu mmoja akasema huyu hana haya. Hapo akajitokeza Hasina, mchumba wa Msellem, akasema yeye alichumbiwa na Msellem, hakuchumbiwa na ndevu zake, na harusi iko palepale. Anachotaka kujua ni wataamkia wapi. Msellem akalia mbele za watu, na waliokuwa wakimsema wakatazama chini.

Wallahi, watu kama hawa nawaonea fahari. Huyu katoa miaka, huyu bahati, huyu sauti, na hakuna aliyebembelezwa. Mwondoe mmoja wao, Kidawa hayupo.

Bi. Ruzuna kashika koleo. Msumari umetoka motoni, wekundu unafifia, na vizingiti vimeanza kutikisika. Nyumba ni tatu. Nyinyi mlioketi hapa na sauti zenu, na bahati zenu, na miaka yenu kamili, msitazamane, semeni: upigwe mlango wa nani? Je, nani alistahili?