Mtumishi wa Ndani ya Simu

Hapo zamani, si zile za mababu bali hizi ambazo simu zilikwisha kuingia mjini, palikuwa na Sultani Mwinyichande, naye aligawa simu bure kwa raia wake wote. Watu wakapiga vigelegele, hakuna aliyeuliza kwa nini. Kumbe ndani ya kila simu Sultani alitia watumishi wasioonekana: wa kuonyesha njia, wa kutunza picha, wa kuitika ukiita. Kazi waliifanya vizuri, ila kila walichokiona na kukisikia walikipeleka jumbani. Basi siku moja mwanamke mmoja alimnong'oneza dada yake kuwa ana mimba, mumewe hajajua bado, mchuuzi wa nepi wa Sultani keshafika mlangoni na mkokoteni.

Mwanamke huyo alikuwa mke wa Shekue, fukara asiye na hata kuku, ila mdomo anao. Shekue alipoletewa habari ya mwanawe na mchuuzi wa nepi, alighadhibika, akawafukuza watumishi wa Sultani simuni wote pia. Akaweka wengine, walioandikwa na watu wa kujitolea, kazi yao i wazi kama maelezo ya upishi yaliyobandikwa ukutani: atakaye asome, asiyeridhika apunguze chumvi. Hao nao walimwonyesha njia, na habari zake hawakumpelekea mtu. Mara mojamoja walimtia kichochoro sicho, lakini angalau alipotea peke yake.

Huko jumbani Sultani akatazama ramani yake, akaona raia wanatambaa kama sisimizi, Shekue hayumo. Shekue akaitwa barazani.

"Shekue, umekufa?"

"Sijafa, Mtukufu. Nilikuwa sokoni, nikinunua dagaa."

"Mbona sikukuona?"

"Hukuja sokoni, Mtukufu."

Baraza likacheka, Sultani akavimba. "Umemfukuza mtumishi wangu! Basi kazi yake utaifanya wewe, vilevile alivyoifanya yeye. Ukiiacha, wewe na mkeo mtahama mji huu kabla ya Ijumaa."

Shekue akamwaza mkewe, ambaye tumbo lake lilikwisha kuwa kubwa, na nje ya mji hawakuwa na ndugu wala jamaa. Akauliza kwa adabu, "Kazi yenyewe ni ipi, Mtukufu, nisije nikakosea?"

"Kumfuata mwenye simu kila aendako, na kutoa habari zake nje."

"Mwenye simu yeyote?"

"Yeyote! Mimi sibagui."

"Nimesikia na nimetii," akasema Shekue, macho yake yakiitazama simu ya dhahabu mkononi mwa Sultani.

Sultani akainuka, Shekue nyuma yake. Akaingia chumbani, Shekue naye. Mara kichwa cha Shekue kikatokeza dirishani, watu wamejaa langoni. "Enyi watu! Sultani anapaka ndevu piko nyeusi, kumbe zote ni nyeupe!" Kidogo tena: "Enyi watu! Sultani anakula halua aliyokatazwa na tabibu!"

Sauti ya Bibi Sultani ikapanda kutoka uani. "Halua? Nami nashinda na uji wa shayiri eti tunashika miiko pamoja? Ngoja nije, baba!"

Sultani akakimbilia chooni kujificha, akamkuta Shekue kaingia naye.

"Mwana mkosa adabu! Hata hodi hupigi?"

"Mtumishi wako alinipigia hodi lini, Mtukufu? Umesema vilevile alivyofanya yeye." Akatoa kichwa kidirishani. "Enyi watu! Sasa Sultani anafungua—"

"Basi! Basi!" Sultani kashika kikoi kwa mikono miwili. "Mfukuze mtumishi wa simu yangu, niwekee wa kwako!"

"Wa simu yako peke yake? Maana watu bado wapo chini, wanangoja habari."

"Wa mji mzima! Na wewe na mkeo mkae hapa mpaka mzeeke!"

Hapo Sultani akajiona alivyo, amebanwa chooni na fukara, piko imemchuruzika shingoni, na mkewe anagonga mlango. Akaangua kicheko mpaka akakaa chini. "Shekue, omba utakacho, nitakupa."

"Naomba niende nyumbani, Mtukufu, na usijue nimepita njia gani."

Sultani akageuza uso ukutani, akakaa vivyo hivyo, hata nyayo za Shekue zikaisha kusikika.