Kadi Katika Mkebe wa Uunsi

Siri ya mtungi muulize kata. Ndivyo walivyonena wahenga, na hawakukosea hata chembe. Mtungi hukaa pembeni mnene, umefunikwa, kimya kama bibi harusi, na mpita njia hudhani ndani mna maji matamu tu. Lakini kata huingia humo kutwa mara kumi. Kata ndiyo ijuayo kama chini mna tope, na tope hilo ni la lini.

Mtaani Iftin, mjini Garissa, aliishi mjane mmoja aliyeitwa Bi Rahmo. Alikuwa ametimiza miaka sabini na ushee, mcheshi, mpenda vitendawili kupita chai ya maziwa ya ngamia. Mjukuu hakupata tende kwake bila kwanza kutegua fumbo. Hata hivyo, nyuma ya kicheko chake palikuwa na donda. Mungu alimjalia wana wawili, Gelle na mdogo wake Liban. Gelle aliishi naye boma moja na kufanya biashara ya mifugo. Liban alikuwa Lafey, kule mpakani, mwendo wa siku mbili kwa lori. Ndugu hao walikuwa hawajaamkiana kwa miaka kumi na minane. Sikukuu ya Idi mmoja akiingia kwa mama yao, mwenzake hutoka, kama jua na mwezi. Hata siku ya kumzika baba yao walisimama safu mbalimbali. Bi Rahmo hakuwa na dua nyingine ila hii: Ya Rabbi, nisife kabla sijawaona wanangu wakila sinia moja.

Alasiri moja ya likizo ya Agosti, Bi Rahmo alikuwa barazani akichambua mchele. Ghafla akasikia muziki kutoka chumbani. Ungo ulimponyoka, mchele ukatapakaa kama mvua ya mawe. Muziki ule aliujua. Ulikuwa wa mashine ya gemu ya wanawe, mashine nyeusi ambayo yeye mwenyewe aliitupa shimoni miaka kumi na minane iliyopita.

"Bismillahi!" alipiga ukemi. "Hani! Nani amemfufua maiti humo ndani?"

Hani, bintiye Gelle, alikuwa kidato cha tatu na ulimi wake mwepesi. Alimtokea bibi yake na simu mkononi akicheka. "Ni gemu tu, Ayeeyo. Ile ya mpira, ya kina Baba."

"Mashine niliitupa. Imeingiaje kwenye simu?"

"Mashine haimo. Nimeweka programu inayoifanya simu ijifanye mashine ile. Diski niliikuta kwenye sanduku la Baba, fundi Mohamednoor akaninakilia. Sasa gemu ikiamka inadhani iko kwake, inacheza."

Bi Rahmo alikodoa macho kama aliyeona mbuzi akipanda ngazi. Alikitazama kile kioo kidogo, wachezaji wakikimbia humo na umati ukishangilia. Kisha akapiga makofi.

"Kumbe ni ndama wa nyasi!"

"Ndama gani tena, Ayeeyo?"

"Ndama wa ngamia akifa, mamake hukataa kukamwa. Basi wachungaji huchuna ngozi ya ndama, huijaza nyasi, na kumsogezea mama. Akiinusa hudhani mwanawe yu hai, na maziwa hushuka. Simu yako hiyo ni ngozi na nyasi, na gemu ni mama aliyedanganyika."

"Umenipata!" Hani alicheka. "Lakini ndama wangu hana kumbukumbu. Ligi ya Baba na Adeer Liban haimo. Matokeo yao yote yalikuwa kwenye kadi ndogo iliyochomekwa kwenye mashine. Baba anasema ilitupwa."

Bi Rahmo aliinuka. Akaingia chumbani, akafungua sanduku lake la bati, na kutoa mkebe wa uunsi, ule udi wa kufukizia nyumba uliochanganywa na sukari na manukato. Katikati ya mabonge ya uunsi mlikuwa na kadi nyeusi, ndogo kama kiberiti.

"Haikutupwa," alisema polepole. "Ndicho kitu cha mwisho alichokishika Liban katika nyumba hii. Ichukue, lakini unirudishie."

Hani aliinusa kadi akapiga chafya. "Ayeeyo, hii inanuka harusi!" Akaondoka mbio kwa fundi. Bi Rahmo alimtazama akipotea uchochoroni, na moyo ukamwambia: kuna ubaya gani? Ni mabao na makombe ya watoto. Hakujua kwamba mkono wake mwenyewe ndio ulioitoa kata nje ya mtungi.

Kisa chenyewe kilikuwa hivi. Gelle alipozaliwa, baba yake alimfungia ngamia jike kitovuni, yaani alimpa ndama awe wake tangu siku ile, kama ilivyo desturi ya wafugaji. Alipofika miaka ishirini, Gelle alimuuza ngamia huyo wa kitovu akanunua mashine ya gemu na televisheni. Wazee walishika vichwa. Lakini Gelle na Liban walikigeuza chumba cha mbele kuwa kibanda cha gemu, na watoto wa Iftin wakajaa humo kama siafu. Ndugu hao walikuwa chanda na pete. Jioni, wateja wakiisha, walicheza ligi yao wenyewe.

Siku moja Gelle alisafiri kwenda Buna kutazama mifugo, akamwachia Liban mashine. Alirudi siku ya Ijumaa, akashukia msikitini moja kwa moja, akamkuta Liban safu ya mbele. Waliswali bega kwa bega, wakarudi nyumbani wakitaniana. Walipoingia kibandani, mashine ilikuwa imekufa. Tumbo lake lilikuwa limelegea na kujikunja kama mshumaa.

"Umeifanya nini?" Gelle alinguruma.

"Nimeiacha nzima! Nimecheza nayo leo hii, kabla ya swala!"

Ndipo jirani yao Dagane, aliyekuja kutoa salamu, alipofungua kinywa. Alisema alimwona Liban Alhamisi mchana akiipeleka mashine kwa rafiki yake kwa mkokoteni, jua la utosi. Jua la Garissa hulijua kila mtu. Hakuna aliyehitaji ushahidi mwingine. Gelle alimzaba Liban kofi mbele ya watoto wote waliokuwa wakingoja kucheza.

"Umemuua ngamia wangu wa kitovu, kisha unanidanganya na udhu mwilini!"

Liban hakulia. Alimtazama mama yake mara moja tu, akainamisha kichwa. Jioni hiyo hiyo alidandia lori, akaenda zake. Tazamo hilo Bi Rahmo hakulisahau. Lilimwandama miaka kumi na minane, na kila mara alilisoma hivi: Hooyo, mama yangu, nitetee. Naye hakumtetea.

Ijumaa iliyofuata baada ya kadi kupelekwa kwa fundi, Gelle alirudi kutoka msikitini, akaketi na mama yake kungoja chakula. Hani akaingia anahema.

"Baba! Imekubali! Mohamednoor ametumia kidude fulani, kadi yote imehamia kwenye simu. Ligi yenu hii hapa!"

Gelle aliipokea simu kwa shingo upande. Lakini alipoyaona majina mawili, GELLE na LIBAN, yamekaa juu na chini kama zamani, uso wake ulilegea. Alitabasamu bila kujijua. Kisha tabasamu likafa.

"Hii tarehe ni ya nini?"

"Ni siku mchezo ulipohifadhiwa, Baba. Mashine huandika yenyewe. Mechi ya mwisho alicheza Adeer peke yake. Ijumaa, saa tano na dakika hamsini na mbili za mchana."

"Ijumaa?"

"Ijumaa. Labda saa yake ilikuwa mbovu?"

"Haikuwa mbovu." Gelle aliisogeza simu karibu na macho. "Niliiweka mimi mwenyewe, kwa kufuata saa ya redio." Alihesabu kwa vidole. "Saa sita kasoro dakika nane mashine ilikuwa hai. Saa sita na nusu mimi nilikuwa nimekaa kando ya Liban msikitini. Tulirudi pamoja. Hakuiacha juani Alhamisi. Hakuwa nayo ilipokufa. La haula! Nilimpiga kofi mtu aliyesema kweli!"

Sinia la wali lilikuwa limeletwa, hakuna aliyeligusa. Bi Rahmo alihisi damu ikimwisha mwilini kama maji katika kiriba kilichotoboka. Kitu kidogo kama kiberiti, kisicho na macho wala mdomo, kilikuwa kimeona na sasa kinasema.

Gelle alisimama ghafla, akachukua bakora yake. "Dagane! Ni Dagane! Ndiye aliyeleta hadithi ya mkokoteni. Siku ile hata msikitini sikumwona. Aliingia humu akaichoma, akamsukumia mdogo wangu! Leo atanieleza!"

"Baba, ngoja!" Hani alimshika kanzu.

"Niache! Miaka kumi na minane nakunywa chai na nyoka!"

Bi Rahmo aliiona njia ya kuponea. Ilikuwa wazi, pana kama barabara ya Nairobi. Angenyamaza tu. Lakini aliona pia mtu wa pili asiye na kosa akipigwa kwa ajili ya kimya chake, na safari hii si kwa kofi bali kwa bakora. Aliinuka, akaziba mlango kwa mwili wake.

"Gelle. Weka bakora chini. Ni mimi."

"Wewe nini, Hooyo?"

"Ni mimi niliyeua mashine yako."

Bakora ilianguka sakafuni. Hani alijiziba mdomo.

"Mlipokuwa msikitini nilikuwa nafukiza nguo," Bi Rahmo alisema, machozi yakimchuruzika. "Chumba kile kilinuka miguu ya watoto. Nikasema, mashine hii inalisha nyumba, nayo ipate harufu nzuri na baraka. Nikaiweka juu ya kikapu, chetezo chini yake, nikaifunika shuka moshi usitoke, kama nifanyavyo nguo. Jirani Yurub akaniita uani, tukazungumza. Niliporudi ilikuwa imelainika kama samli. Nikaipangusa, nikairudisha mahali pake. Nikasema nitakwambia ukishakula. Ukampiga kofi kabla hujala. Ulimi wangu ukaganda, na kila siku iliyopita ukazidi kuwa mzito."

Gelle alimtazama mama yake kana kwamba anamwona kwa mara ya kwanza. Mama aliyemfundisha kuwa uongo ni moto!

"Nipigie Liban," Bi Rahmo alimwambia Hani. "Asikie kwa mdomo wangu, hata kama ni neno la mwisho atakalolisikia kutoka kwangu."

Simu ileile ikapiga Lafey. Sauti ya Liban ikajaa chumbani, imechangamka. Bi Rahmo alisema yote, tangu kikapu hadi shuka, bila kujitetea. Alipomaliza, mbuzi wa Lafey walisikika wakilia upande wa pili.

"Hooyo," Liban alisema hatimaye, "nilijua."

"Ulijua nini, mwanangu?"

"Mkokoteni wa Alhamisi ulikuwa kweli, lakini mashine ilirudi nzima. Siku ile ya Ijumaa nilifungua kifuniko cha diski nione imekufaje. Moshi wa uunsi ukanipiga usoni. Ndiyo maana nilikutazama. Nilitaka ujue kuwa nimejua, na kwamba sitasema."

Bi Rahmo alikaa chini pale pale mlangoni. Tazamo alilolisoma kuwa lawama, kumbe lilikuwa ngao! Alikuwa amelibeba kama mzigo wa mawe, na ndani mlikuwa na asali.

"Kwa nini, Liban?" Gelle aliuliza kwa sauti iliyopasuka. Lilikuwa neno lake la kwanza kwa ndugu yake tangu kofi lile.

"Hasira yako siku ile ilikuwa na moto, walaal, ndugu yangu. Niliona afadhali iniunguze mimi kuliko Hooyo. Nilidhani itapoa kwa wiki moja. Kumbe wewe ni jiwe!"

"Nisamehe."

"Kofi lako lilikuwa zito, sikufichi. Sikio hili bado huvuma wakati wa baridi. Lakini hiyo ligi mnayoitazama, nani anaongoza?"

Gelle alitazama kioo, akafuta macho kwa mkono wa kanzu. "Wewe. Kwa pointi mbili."

"Na imebaki mechi moja. Nipeni siku mbili za barabara."

Jumapili alasiri Liban alishuka kwenye lori, vumbi limempaka nywele kama mzee. Gelle alimpokea kwa mikono miwili na hawakuachana mpaka Dagane, aliyealikwa bila kujua alivyoponea bakora, alipowaambia wali unapoa. Walikula sinia moja. Kisha Hani akaiegemeza simu kwenye birika, akawapa vidhibiti viwili alivyoazima kwa fundi, na wanaume wawili wenye mvi wakaanza kupiga kelele kama watoto wa shule.

"Kitendawili!" Bi Rahmo aliita kutoka kwenye mkeka wake.

"Tega!"

"Mtungi wangu ulinyamaza kwa hofu, kata yangu ikanyamaza kwa mapenzi."

Hani alifikiri, akashindwa. Gelle akashindwa pia. Liban peke yake ndiye aliyeinua macho kutoka kwenye gemu, akamtazama mama yake mara moja tu, kama siku ile. Safari hii Bi Rahmo alilisoma tazamo hilo sawasawa. Siri ya mtungi muulize kata.