Sentensi ya Mzee Toivo

Wahenga walisema mcheza kwao hutunzwa, yaani anayecheza mbele ya watu wake ndiye apewaye zawadi. Mimi Evodius, mwanafunzi wa ufundi umeme kutoka Bukoba, nilidai kwamba wahenga hao hawakuwahi kupanda ndege. "Mwenye kipaji hutunzwa popote," nilijigamba mwaka 1970, "hata hapa Stockholm!"

Jirani yangu kule Farsta, kitongoji cha jiji hilo, Mzee Toivo, alikuwa Mfini. Kwao alikuwa ameigiza katika sinema zaidi ya arobaini: leo tarishi, kesho polisi, keshokutwa mlevi wa kituoni. Televisheni ilipowanyakua watazamaji, kazi ikakauka kama kisima cha kiangazi, naye akahamia Uswidi. Chumbani mwake mlikuwa na kikombe kimoja tu. Wiki ingeweza kupita asisemeshwe na mtu, isipokuwa mimi niliyezoea kumtania: "Mzee, leo wewe ni nani?" Naye alikuwa akinijibu kwa Kiswidi chake kizito, "Leo si mtu."

Majira ya baridi yale alipata nafasi katika filamu ya Kiswidi. Alipewa sentensi moja: "Treni ya mwisho imeondoka." Ilikuwa sentensi yake ya kwanza tangu ahamie. Aliifanyia mazoezi usiku na mchana. Nikaisikia kupitia ukutani hadi nikaiota. Mimi na Paskalia, binti wa kwetu aliyekuwa akisomea uuguzi, mzee akatutafutia kibarua cha siku moja cha kujaza umati.

Siku ilipowadia, mwongozaji alimsikiliza mara tatu. "Lafudhi," akasema, na sentensi akampa kijana mwingine. Mzee akaamriwa asimame nyuma, kimya kama gogo. Njiani kurudi alitazama dirishani, midomo ikicheza bila sauti.

"Mzee wangu, Jumapili twende Sundbyberg," Paskalia akambembeleza. "Wagonjwa wangu Wafini wanasema ukumbini mwao kutakuwa na sinema ya zamani, nawe umo."

"Sitaki kujiona."

Lakini alikuja, akaketi nyuma kabisa.

Picha zikaanza. Toivo kijana, kofia ya tarishi kichwani, akabisha hodi. Kabla hajafumbua kinywa, ukumbi mzima wa wafanyakazi wa viwandani ukamtangulia kuyasema maneno yake kwa sauti moja. Mama aliyeketi kando yangu akanitafsiria: "Barua huna, lakini kahawa nitakunywa!"

Mara mtu akageuka. "Jamani, si ndiye huyu?"

Wakamwinua. Mama yule akavua glavu zake za sufu, akamvisha. Mwingine akampa mkate. "Sema tena, Toivo!" Akasema, machozi yakimtiririka, na hakuna aliyemsahihisha lafudhi.

Mama akanigeukia. "Na wewe kijana, unaigiza?"

"Tena sana! Filamu inayokuja unitazame vizuri, nipo mbele kabisa..."

"Evodius, nilikuwepo," Paskalia akadakia, kwa Kiswidi ili kila mtu asikie. "Ulishikishwa ngazi. Na ngazi yenyewe haikupigwa picha."

Ukumbi ukaangua kicheko, Mzee Toivo akiongoza. Nilitafuta wa kwetu wa kunitetea. Kumbe wa kwetu pekee mle ndani ndiye aliyenianika. Wahenga, niwieni radhi: mcheza kwao hutunzwa.