Jina la Mti si Dawa

Jina la mti si dawa. Mmeisikia leo asubuhi gulioni, Mzee Kilua alipomkata kauli yule kijana aliyekuwa akijigamba kwa ukoo wake, nanyi mkaangua kicheko. Mimi sikucheka, na njia nzima mmeniuliza kulikoni. Haya, sogezeni ungo mwendelee kupukuchua mahindi, maana mikono haina haja ya kusikiliza. Nitawaeleza methali hii ilikotoka, halafu mcheke kama bado mnaweza.

Katika kijiji cha Kwemhandu, huku huku kwenye vilima vya Muheza, palikuwa na mwanamke mmoja mjane aliyeitwa Bi Mwanamvua. Alikuwa na mtoto mmoja tu wa kiume, Mhina. Mhina alimwoa Sikudhani, wakajaliwa binti, Chausiku, ambaye wakati wa mambo haya alikuwa ndiyo kwanza anang'oka meno ya mbele. Wote waliishi nyumba moja, na uani kwao palisimama mwarobaini.

Siku hizi mwarobaini mnauona kila njia panda, mnaukata fito bila kuutazama mara mbili. Wakati ule ulikuwa mmoja kijiji kizima. Baba mkwe wa Bi Mwanamvua aliupata mche wake kwa fundi wa reli wa Kihindi, aliyemwambia kwamba kwao Bara Hindi nyumba isiyokuwa na mti huo huonekana maskini. Akaupanda, na mti ukakua mbio mpaka watu wakaanza kuutilia shaka. Watoto waliozaliwa mwaka ule walikuwa hawajapelekwa jandoni, nao ulikwisha kulipita paa na kumwaga maua yake madogo meupe uani kote, yananukia kama asali.

Jina lake limetokana na arobaini, kwa sababu husemwa unatibu maradhi arobaini. Msiniulize ni yapi. Niliwahi kuwasikia wazee barazani wakishindana kuyahesabu. Walianza vizuri, homa, upele, surua, minyoo, jino, na kabla hawajafika mbali wakawa wanairudia homa kwa majina mengine. Hata hivyo mti una kazi zake, huo si uongo. Kijiti chake ni mswaki, majani yake makavu hufukuza fukusi ghalani, mwenye surua huogeshwa kwa maji yake, na mwenye mafua hujifukiza kwa mvuke wake. Katika habari hii si mti uliodanganya.

Jina nalo likapata kazi zake. Nyumba ile ikaitwa Kwa Mwarobaini. Mhina alipokwenda kuposa, wazee wa Sikudhani hawakuuliza habari za mashamba, walisema tu kwamba binti yao anakwenda mahali maradhi yasipokaa. Vijana wa mpira wakajiita Mwarobaini, wakafungwa mwaka baada ya mwaka, na jina hawakulibadilisha. Bi Mwanamvua mwenyewe aliitwa Bi Mwarobaini. Yeye ndiye aliyechuma, akachemsha, akagawa, wala hakumtoza mtu kitu. Alichopenda ni kule kuitwa. Akipita gulioni wanawake walimpisha njia, na mwenye mgonjwa alimwamkia mara mbili. Sifa huingia mwilini polepole, na huyu zilikuwa zimekwisha kumfika kwenye mifupa.

Ukaja mwaka wa jua kali. Vuli haikunyesha, mti ukapukutika, na watu kwa hofu yao wakauvunja matawi wakaweke akiba majumbani. Kisha masika yakaja kwa hasira, madimbwi yakajaa kila mahali, mbu wakazaana, na homa ikaingia nyumba kwa nyumba. Watu walitoka vijiji ambavyo hata majina yake Bi Mwanamvua hakuyajua, wakaketi uani kwake na bakuli zao mikononi. Na mti ulikuwa na vichipukizi visivyojaza kiganja.

Angeweza kusema majani yamekwisha. Neno hilo lilimkaa kooni siku nyingi. Lakini aliwatazama wale wanawake waliotembea tangu alfajiri na watoto migongoni, akaona kwamba akilisema wataondoka, na wakiondoka watakwenda kusema Kwa Mwarobaini hakuna mwarobaini. Akachemsha majani yale yale mara ya pili, akayachemsha tena, mpaka maji yakawa kama ya kuoshea vyombo. Mzee mmoja akaonja, akamwuliza kwa upole mbona dawa ya leo si chungu.

Kesho yake asubuhi Bi Mwanamvua alikwenda mpakani mwa shamba, kwenye mishubiri iliyopandwa kutenga viwanja, akakata majani yake mawili na kuyakamulia chunguni. Hakuna asiyejua kwamba shubiri haina mpinzani kwa uchungu. Wagonjwa wakanywa, wakakunja nyuso, wakasema hii ndiyo yenyewe. Wakaharisha, naye akawaambia ni ugonjwa unatoka. Wengi walipona, kwa maana homa nyingine humshika mtu mwenye nguvu zake ikamwacha, hata angekunywa maji ya mtungi. Waliopona walirudi kushukuru. Waliokufa walifia makwao, na maiti hawaendi kulalamika kwa mganga. Basi kila siku alisikia shukrani tupu, na ikafika mahali yeye mwenyewe akaanza kuamini kwamba pengine uani pale panatosha, jina linatosha.

Sikudhani hakujua lolote. Kazi yake ilikuwa kugawa bakuli, na aliigawa ile dawa kwa imani kuliko mtu yeyote pale Kwemhandu.

Halafu Chausiku akashikwa na homa.

Baba yake alikuwa amekwenda Handeni kutafuta mahindi. Siku ya kwanza mtoto alitetemeka, akalala, akaamka akaomba muwa. Sikudhani akampa kikombe asubuhi na kikombe alasiri, kama alivyowaelekeza wengine. Bi Mwanamvua alipoona hivyo alitoka mbio. Akaenda kuuzunguka mti, akakwanyua kila kichipukizi alichokifikia, akakitia chunguni juu ya ile shubiri. Kuimwaga hakuweza, wageni walikuwa wameketi wanatazama. Akamwambia mke wa mwanawe kwamba mtoto mdogo hatakiwi kupewa dawa nyingi, nusu kikombe kinamtosha. Sikudhani akaitikia, na kwa mapenzi ya mama, bibi alipogeuka, akamjazia.

Siku ya pili Chausiku akaanza kuharisha, na hakuacha. Macho yakazama, midomo ikakauka, akawa hana tena nguvu ya kulia. Bi Mwanamvua alimwangalia akajua ni ile shubiri. Watu wengine walijua baadaye, yeye alijua siku ile.

Adhuhuri lori la machungwa likasimama nje kumalizia kupakia. Dereva wake, Mashaka, alikuwa jirani yao, yeye na Mhina walikuwa wakiitana ndugu. Aliingia uani kuomba maji, akamwona mtoto mkekani, akasahau maji. Uani palijaa. Wanawake wenye bakuli walikuwa wameketi ukutani, na wapakiaji walichungulia mlangoni.

"Mama," Mashaka alimwambia Bi Mwanamvua, "mbele nina nafasi. Shemeji ampakate mtoto, kabla ya alasiri tutakuwa hospitali ya Muheza."

Sikudhani alitabasamu, ijapokuwa uso ulikuwa umemchakaa kwa kukesha.

"Ahsante, shemeji. Lakini si wewe uliyemleta mwanao hapa juzi, akapona? Watu wanatoka mbali wanakuja kwetu. Mimi nitoke hapa niende wapi?" Akamgeukia mkwewe. "Au siyo, mama?"

Wote wakamtazama Bi Mwanamvua. Mashaka alimtazama, wapakiaji walimtazama, na wale wanawake wenye bakuli walimtazama kuliko wote. Neno moja lingetosha. Mpeleke. Hakuhitaji hata kueleza sababu. Lakini alijua mtoto wa nyumba ile akionekana ndani ya lori anapelekwa hospitali, ukuta ule utabaki mtupu kesho, na watakaoondoka wataanza kuulizana walikuwa wakinywa nini. Alijiambia mtoto atavuka. Wangapi walikwisha kuvuka?

"Tumpe kwanza kikombe cha alasiri," akasema. "Tuone."

Mashaka alivua kofia, akaivaa tena. Si mtu wa kubishana na mama wa rafiki yake mbele za watu. Akatoka, na lori likaondoka.

Chausiku alikufa asubuhi yake, mapajani mwa mama yake, wakati bibi yake anakoka moto.

Alizikwa siku hiyo hiyo. Mhina aliletewa habari njiani, akafika kaburi limekwisha kufukiwa, akaketi kando yake mpaka wazee wakamwinua. Katika siku za matanga wanawake walijaa ndani, na Sikudhani aliketi katikati yao hana chozi. Akawa anasimulia jambo lile lile kwa kila aliyeingia. Alisema mtoto alikitapika kikombe cha alasiri, naye akamwonea huruma asimrudishie kingine. Dawa ilikuwapo, alisema, imejaa chungu, ni yeye aliyezembea. Wanawake wakamtuliza kwamba kazi ya Mungu haina makosa. Bi Mwanamvua alikuwa amekaa karibu na mlango, anayasikia yote, na kila mara yalimkata upya. Aliomba moyoni mkwewe amlaumu yeye. Sikudhani hakumlaumu, alimshika mkono na kumpa pole.

Siku ya kuondoa matanga akaja mwanamke mmoja mgeni, hana habari ya msiba, na mtoto mgongoni anawaka homa. Alipoona mikeka na watu aliona haya, akataka kurudi. Sikudhani ndiye aliyemzuia. Akainuka, akaenda jikoni kwenye chungu kilichokuwa kimefunikwa tangu siku ya msiba, akateka bakuli, akamletea yule mgeni kwa mikono miwili.

"Mpe yote," akamwambia. "Na akitapika, usimhurumie kama nilivyomhurumia wangu. Mrudishie."

Bi Mwanamvua alipoyasikia hayo aliinuka bila kujua kama ameinuka. Alivuka mikeka, akaipiga ile bakuli ikaanguka, maji yake yakatapakaa sakafuni. Wanawake wakadhani msiba umempanda kichwani, wakamshika. Akajitoa mikononi mwao.

"Jina la mti si dawa," akasema. Sauti yake haikuwa kubwa. "Chunguni hamna mwarobaini. Tangu masika yaanze hamna. Mmekunywa shubiri, nyote, na jina."

Yule mgeni akamkumbatia mwanawe. Sikudhani alibaki anaangalia maji yale sakafuni yanavyoelekea mlangoni, kisha akamwinulia mkwewe macho.

"Siku ya lori ulijua?"

"Nilijua."

Sikudhani hakupiga kelele wala hakumnyooshea kidole. Alikwenda kwa yule mgeni, akamwomba mtoto, akamfunga mgongoni mwake mwenyewe kwa kanga ileile ya msiba. Akamwambia yule mama amfuate. Wakatoka wote wawili, wakashika barabara ya Muheza kwa miguu, juani. Wanawake wengine wakainuka mmoja mmoja wakakusanya bakuli zao. Mhina, aliyekuwa nje na wanaume, alimwona mkewe anapita na mtoto mgongoni, akamfuata bila kuuliza.

Hawakurudi kuishi nyumba ile tena. Walihamia kwao Sikudhani, wakazaa watoto wengine, na hakuna hata mmoja wao aliyepelekwa kumwamkia bibi yake.

Bi Mwanamvua aliishi miaka mingi, na hiyo ndiyo adhabu aliyopewa. Mvua zilipotengemaa mti ukachipua, ukawa na majani kuliko zamani, kwa kuwa hausikii aibu. Watu walisahau, kama kawaida ya watu, wakaanza kuja tena na kumwita Bi Mwarobaini. Aliwaacha wachume wenyewe, kwa mikono yao, waone wanachochuma. Lakini mwenye mtoto wa homa hakumruhusu hata aketi. Alimshika mkono mpaka barabarani, na yeyote aliyeanza kumsifia jina lile alimjibu kwa maneno yale yale aliyoyasema siku ya kuondoa matanga, hadi watoto wakayashika, wakayatoa pale kijijini, yakaenea hadi gulioni kwetu.

Ndiyo maana leo mtu akijigamba kwa ukoo, au duka likijazana watu kwa sifa ya babu aliyelianzisha, mtasikia mzee mmoja anainamisha kichwa na kulisema neno lile. Hamtakiwi kulicheka. Lililipiwa na mtoto aliyeomba muwa. Jina la mti si dawa.