Mzaha wa Idefonsi Kwenye Televisheni

Mtu akijikwaa dole huumia peke yake, na dole hufungwa kitambaa likapona. Akijikwaa ulimi, huwaumiza hata wasiokuwapo. Idefonsi wa Mugoma aliyajua hayo maji yalipokwisha kumwagika.

Alikuwa mshambuliaji wa timu ya ligi kuu jijini Dar es Salaam, mwenye mbio kama swala. Siku moja mazoezini alijikwaa, dole gumba la mguu likavunjika. Alipokuwa akijiuguza, kituo kimoja cha televisheni kilimwalika kuchambua mechi. Maneno yalimtoka kama maji ya mtungi uliotoboka, na watazamaji wakampenda.

Jioni moja mtangazaji alimwuliza, "Goli gani la kizembe zaidi mliwahi kufungwa huko kwenu?"

Idefonsi akacheka. "Fainali yetu na Biharamulo! Kipa wetu Pius aliachia mpira kama mtu aliyekwisha kulipwa!"

Studio nzima ikaangua kicheko. Kwao Ngara hakuna aliyecheka.

Kesho yake mama yake, Verediana, alimpigia simu. "Mwanangu, umemfanyia nini Pius? Stendi wanamwita msaliti. Abiria wanaikwepa pikipiki yake, na mkewe anazomewa kisimani. Kweli alihongwa?"

"Hapana, mama. Mvua ilinyesha, mpira ukateleza. Nilikuwa natania tu."

"Basi utani wako umebomoa nyumba ya watu."

Pius ndiye aliyekuwa akimpakia Idefonsi kwenye baiskeli kwenda uwanjani tangu wakiwa wadogo. Katika kipindi kilichofuata alikanusha maneno yake waziwazi, lakini uongo ulikuwa umekwisha kupaa, na ukweli ukawa unachechemea nyuma. Akaona dawa ya moto ni kuufuata ulikowaka. Akafunga safari, dole bado limeviringishwa bendeji.

Alimkuta Pius stendi ya Ngara, ameegemea pikipiki yake, wenzake wakigombea abiria.

"Ndugu yangu, nimekukosea," Idefonsi alisema.

Pius hakumtazama. "Nilikuona ukikanusha. Wengi hawakuona. Ulinichafua mbele ya watu, nisafishe mbele ya watu."

Idefonsi akapanda ngazi ya duka na kupaza sauti. Watu walimiminika kumwona nyota wao.

"Pius hakuuza mechi!" akasema. "Mimi ndiye niliyeuza jina lake ili watu wacheke."

Idefonsi alitamani ardhi immeze. Kisha bibi mmoja, Eustakia, akajipenyeza na kapu lake la ndizi.

"Shikamoo, bibi," Pius alisema.

"Marahaba. Nipeleke Mugoma, mjukuu wangu. Ila usije ukaniachia kama ule mpira!"

Watu wakavunjika mbavu, na Pius mwenyewe akacheka hadi machozi. Alipowasha pikipiki, alimgeukia Idefonsi. "Mwambie mama apike. Jioni nitapita."

Idefonsi alishusha pumzi ndefu, kama aliyetuliwa gunia la kahawa kichwani. Dole lake lilimsumbua yeye tu, na sasa lilikuwa likipona. Ulimi wake nusura umwangamize rafiki asiye na kosa. Hakika, heri kujikwaa dole kuliko kujikwaa ulimi.