Maji Machungu ya Bi Pimbi

Hapo zamani za kale, wanyama walipokuwa na makochi na mapazia majumbani mwao, Simba alimfuga Fisi ili amlindie mlango. Msinicheke mimi, mchekeni Simba. Ukimweka fisi alinde mlango wa mbao unategemea nini? Wiki haikuisha mlango ukaliwa wote, bawaba zikabaki zinaning'inia.

Fisi akahamia ndani. Kru, kru, kru, miguu ya kochi ikaisha. Kru, kru, akamaliza kinu, mchi na kandambili ya kushoto ya Simba. Simba akawa anapokea wageni akiwa amekaa sakafuni, mguu mmoja peku, na wageni wakitazama dari ili wasicheke.

Sasa, mtaa ule ulikuwa na utaratibu mbaya. Kila Ijumaa nyumba moja ilimtoa mtoto mmoja awe kitoweo cha Simba, na majirani walikuwa wamepangiana zamu kistaarabu kabisa, kama zamu ya kusafisha kisima. Ijumaa ile ilikuwa zamu ya Bi Pimbi, mjane mfupi mwenye mtoto mmoja tu, Kitunda. Majirani walikuja kumpa pole. Bi Swala alimletea na vitunguu viwili, eti visaidie kwenye mchuzi.

Bi Pimbi alilia mpaka akachoka kulia. Kisha akabandika sufuria jikoni, akachemsha majani ya mwarobaini, akatia shubiri, akachuja, akajaza kwenye chupa ya kupulizia. Akamshika Kitunda mkono, wakaenda kwa Simba.

"Shikamoo, Mzee. Mtoto nimemleta, ila naona aibu uje umlie sakafuni. Nimekuletea na dawa ya Fisi."

Simba akaitikia marahaba, akauliza hiyo dawa inafanyaje kazi. Bi Pimbi akaeleza kwamba ni dawa yenye akili: inamjua mwenye mali. Ukilamba kilicho chako huisikii kabisa, ila ukitia ulimi kwenye cha mwenzio, utajuta. Akajipulizia kiwiko chake mwenyewe, fyuu, akakilamba taratibu, akatabasamu huku machozi yakimtiririka mpaka kidevuni. Akasema hayo ni machozi ya furaha.

Halafu akapulizia kigoda cha mwisho kilichobaki, fyuu, fyuu. Fisi hakungoja kukaribishwa. Kru! Mara akaganda. Ptuu, ptuu, ptuu! Akajifuta ulimi ukutani, akanywa mtungi mzima wa maji, akaenda kujikunja pembeni, akitafakari maisha yake.

Simba alifurahi mno. Akaamuru nyumba nzima ipuliziwe. Bi Pimbi akapulizia kochi, mkeka, mapazia na kandambili ya kulia, kisha akasimama akiutazama mkia wa Simba na kuguna.

"Unaguna nini?" Simba akauliza.

"Nawaza tu, Mzee. Humu ndani vitu vyote sasa vichungu. Kilichobaki cha kutafunwa ni wewe."

Simba akamgeukia Fisi. Fisi, kwa bahati yake mbaya, alikuwa anautazama mkia vilevile. Basi Simba akajilaza chali na kutaka apuliziwe yeye mzima, mkia na viganja vyote vinne, na Bi Pimbi akampulizia mpaka chupa ikakauka.

Muda wa kula ukafika. Simba, pamoja na mabaya yake yote, alikuwa na adabu ya mezani: hakula bila kunawa. Na Simba hunawa kwa ulimi, kulia kwanza, kisha kushoto. Bi Pimbi alimkumbatia Kitunda, akamwomba Mungu adabu ile isimtoke Simba leo.

Simba akalamba kiganja cha kulia. Uso ukamkunjamana. Akalamba cha kushoto, masharubu yakasimama.

"Bi Pimbi," akasema polepole, "hivi viganja ni vya nani?"

"Sijui, Mzee. Mimi nilidhani ni vyako."

Simba akalamba viganja vya nyuma, navyo vichungu. Akauvuta mkia, akaulamba, nusura azimie. Akawa anajitazama kama mtu aliyevaa nguo za jirani kwa makosa. Mwisho akamvuta Kitunda, akamlamba paji la uso kwa ulimi ule ule. Mchungu.

"Hata huyu si wangu," akasema. "Sasa mimi nina nini?"

"Una njaa, Mzee," Bi Pimbi akamjibu. "Hiyo ni yako kabisa."

Simba aliona haya kula kwa viganja vya watu. Akatoka, akapita nyumba kwa nyumba akibisha hodi na kuuliza kwa upole nani kapoteza viganja vinne na mkia. Bi Swala akamwambia huenda ni vya mtu wa ng'ambo ya mlima. Akashukuru, akaenda huko, na mpaka leo anamtafuta mwenye viganja. Kitunda alikua, akaoa, akazaa pimbi tisa.

Ndiyo hivyo, wanangu: anayezoea kuviita vya watu vyake, ipo siku atashindwa kuvijua hata vyake mwenyewe.