Zimwi Lililokula Visivyo na Kazi

Hadithi inakuja, sogeeni! Na ije, tumesogea!

Palikuwa na zimwi msituni. Lilikula tu kiumbe ambacho mtu amesema hakina kazi. Na mtu akibadili neno, tumbo lilikikataa.

Siku moja lilimwuliza Mbeyu, mkulima wa kando ya msitu: "Mama, vyura wana kazi gani?"

"Kelele tu! Mwanangu halali."

Likawameza wote. Mbu wakajaa nyumbani, mtoto akashikwa na homa.

Likarudi. "Na bundi, mama?"

"Ndege wa mikosi huyo! Hana kazi."

Likawameza. Panya wakapanda darini, wakatafuna mbegu za mahindi ikabaki konzi moja.

Likarudi tena, tumbo likining'inia. "Na popo, mama? Sura mbaya zile!"

Mbeyu alimtazama mwanawe, akaitazama ile konzi. "Kazi ya popo siijui," akasema, "lakini wanayo. Vyura wanayo. Bundi wanayo. Nilikosea mimi!"

Zimwi likashika tumbo, likatapika vyura, likatapika bundi, likatokomea na njaa yake.

Mbu wakapungua, panya wakakimbia, homa ikashuka. Jioni vyura wakaanza zogo lao, bundi akalia juu ya paa, na mtoto akalala fofofo.

Mbeyu akacheka. "Haya, pigeni kelele, wanangu!"

Hadithi imerudi msituni kulala. Nasi tukalale.